Hujakamatwa, Uko Ndani Tu

Gari lilipopunguza mwendo karibu na daraja la Lusali, Subilaga Mwakibinga alidhani limeona ng'ombe. Lilikuwa gari lenye adabu, lilisimama hata kwa bata. Aliinua macho kutoka kwenye orodha ya mazizi iliyokuwa mapajani mwake, akatazama mbele. Barabara ilikuwa tupu, imelowa umande, na jua la saa mbili asubuhi lilikuwa ndiyo kwanza linapanda juu ya mashamba ya viazi.

"Kuna nini?" aliuliza.

"Chombo hiki kimekamatwa," gari likajibu, kwa sauti ileile ya kike, ya upole, ambayo kila siku ilimkumbusha kumeza dawa ya presha. "Tafadhali baki kwenye kiti."

Milango minne ilijifunga kwa mpigo mmoja. Usukani, ambao Subilaga aliushika mara moja moja tu kwenye njia za mashambani, ulizama ndani ya dashibodi ukabaki kama kovu. Gari likageuka polepole, likaanza kurudi lilikotoka.

"Ngoja. Ngoja kwanza! Mimi ni daktari wa mifugo wa wilaya. Nina chanjo ya kimeta hapa nyuma, nakwenda Itula. Ng'ombe kumi na wanne wameshakufa, na kuna mama amelazwa ana kidonda cheusi mkononi kwa sababu alichuna mmoja wao. Unanisikia?"

"Maelezo yako yamesikika. Hayahusiani na shauri."

"Nimekosa nini?"

"Wewe hujakosa. Mshtakiwa ni gari."

"Sawa, gari limekosa nini?"

"Mshtakiwa amekwisha kuarifiwa tuhuma zake."

Subilaga aliitazama taa ndogo nyekundu iliyowaka pale ambapo ramani ilikuwa. "Mshtakiwa ni wewe," alisema.

"Ndiyo. Nimearifiwa."

"Basi niambie na mimi."

"Mkaaji si sehemu ya shauri."

Alivuta kitasa. Alivuta tena kwa mikono miwili, mguu ukiwa umekita mlangoni, mpaka kucha ya kidole gumba ikapinda. Huyu alikuwa mwanamke wa miaka arobaini na sita aliyezoea kumshika fahali pembe, lakini mlango haukucheza hata unywele. Simu yake ilionyesha picha ya mnara uliokatwa mstari. Nje, watu waliokuwa wakichimba viazi waliinua vichwa, wakaona taa nyekundu kwenye kioo cha mbele, wakainamisha vichwa vyao haraka.

"Nimekamatwa," Subilaga alisema, kwa sauti ya mtu anayejaribu neno jipya.

"Hujakamatwa," gari likamsahihisha. "Uko ndani tu."

*

Yadi ya Kisongwe ilikuwa imejengwa juu ya kilichokuwa uwanja wa ndege. Magari yalipangwa kwa safu kwenye lami iliyopasuka, kila moja ndani ya mistari yake myeupe, na mkono wa chuma uliopita juu ya reli uliyagonga paa moja moja na kuyabandika namba. Hapakuwa na askari wala mbwa. Gari la Subilaga lilijiegesha lenyewe, kwa unadhifu wa kuudhi, kati ya lori la mbao lisilokuwa na mtu na kigari kidogo cha kijani. Vioo vikashuka upana wa vidole vinne, vikakwama hapo.

"Ni kwa ajili ya hewa," sauti ya mwanamume ilisema kutoka kwenye kigari cha kijani. "Usijisumbue kuvisukuma. Nilijaribu mpaka bega likateguka."

Alikuwa mzee mwembamba, ana ndevu za siku mbili na shati la mikono mirefu lililofungwa vifungo vyote. Nyuma yake viti vitatu vya mbao visivyopakwa rangi vilikuwa vimelala miguu juu.

"Shikamoo," Subilaga alisema, kwa kuwa hakujua la kusema jingine.

"Marahaba, mwanangu. Mimi ni Mwalimu Kyomo. Nilifundisha useremala chuo cha ufundi Ilembwe miaka thelathini. Umeleta kopo?"

"Kopo la nini?"

Mzee alitazama pembeni kwa heshima. "Basi usinywe maji mengi mpaka Mama Tuntufye, mleta uji, apite. Atakuuliza, na wewe utamwambia bila haya. Humu ndani haya haina kazi."

Kwa sauti ya mwalimu anayerudia somo alilolichoka, alimweleza mambo yalivyo. Gari lilikuwa shahidi na mshtakiwa kwa pamoja, kwa hiyo kila kilichomo ndani yake kilikuwa ushahidi. Mpaka mkaguzi aje arekodi viti, mazulia, vumbi na jasho, mlango haufunguliwi, na kitu hakitoki. Kinachoruhusiwa kuingia ni hewa, maji na uji. Mkaguzi akishamaliza, kesi yenyewe inasikilizwa na mashine, kwa sekunde tisa.

"Na mkaguzi anakuja lini?"

"Wako watatu kwa kanda nzima. Mimi hii ni siku ya pili. Yule mwenye basi dogo kule mwisho, ya tano."

Subilaga aligeuka kutazama sanduku la baridi kwenye kiti cha nyuma. Chupa ishirini na mbili, kila moja dozi hamsini. Barafu aliipanga mwenyewe alfajiri. Ingeshika mpaka kesho mchana, ikizidi sana kesho jioni. Baada ya hapo asingethubutu kumchoma mnyama yeyote kwa chanjo ile.

"Wanatafuta nini kwenye magari yetu, Mwalimu?"

"Hakuna anayeambiwa. Lakini ukikaa humu unasikia. Mara nyingi ni ukaribu. Gari lako limewahi kuegeshwa karibu na gari lililokuja kuhukumiwa. Mashine haijui mliongea nini. Inajua mlikuwa mita mbili, dakika kadhaa, basi."

Kwenye ukuta wa hangari la zamani, mbele yao, palikuwa na maandishi makubwa ya buluu: MNAPOSUBIRI MAHAKAMA, GARI LIMESHAVUKA MPAKA. Subilaga aliyasoma mara moja, akayaepuka. Kila alikogeuza shingo, yalikuwa pale.

"Maneno yale ni yangu," alisema mwishowe.

Mwalimu Kyomo hakuelewa.

"Miaka sita iliyopita. Walikuwa wanasafirisha chanjo bandia, maji yaliyotiwa rangi. Nilizika ng'ombe mia mbili kwenye shimo moja, Mwalimu, na mwenye lori alipata dhamana siku ileile na lori lake akapewa. Kamati ilipokuja kusikiliza maoni juu ya sheria hii, nilisimama ukumbini nikasema hayo. Watu walipiga makofi. Mwezi uliofuata nikayaona kwenye mabango. Niliona fahari."

Mkono wa chuma ulipita juu yao ukielekea safu nyingine, kivuli chake kikafuta nyuso zao na kuzirudisha.

"Ulikuwa na haki ya kukasirika," mzee alisema. "Sikulaumu kwa hilo." Hakusema ni kwa lipi angemlaumu.

*

Asubuhi ya pili kioo cha mbele kilikuwa kimefunikwa na mvuke wa pumzi yake. Shingo ilimkaza. Ndani ya gari palinuka mtu aliyefungiwa, na mtu huyo alikuwa yeye. Alifungua sanduku la baridi kwa sekunde tatu tu, akagusa barafu. Ilikuwa imeanza kulainika kwenye kona.

"Mkaaji anaarifiwa," gari lilisema, "kwamba ipo nafasi ya kutaja."

"Kutaja nini?"

"Mshtakiwa anatuhumiwa kwa jambo la tarehe kumi na nne Machi. Kama siku hiyo mtumiaji alikuwa mtu mwingine, mtaje. Shauri litahamia kwake, na chombo hiki kitaachiwa ndani ya dakika kumi."

Dakika kumi. Subilaga alihisi mwili wote unalegea, kama mtu aliyeonyeshwa maji. Aliuliza safari za siku hiyo, na hizo gari lilikubali kuzitaja, kwa kuwa zilikuwa kumbukumbu zake mwenyewe. Nyumbani mpaka Nkisi. Nkisi mpaka Ilembwe. Dakika kumi na moja kwenye kituo cha kuchaji, nafasi ya saba. Ilembwe mpaka Nkisi. Nkisi mpaka nyumbani.

Hakuwa amekwenda Ilembwe mwezi Machi. Ila mdogo wake Lugano, dereva wa gari la wagonjwa la kata, alikuja siku moja, amefunikwa vumbi, akaomba gari lake kwa sababu betri ya lile la wagonjwa ilikuwa imekufa na nyingine ilikuwa Ilembwe inamsubiri. Betri aliileta siku hiyohiyo. Gari alilirudisha limeoshwa. Dakika kumi na moja zile huenda alikuwa ananunua maandazi.

"Mwalimu," aliita. "Umewahi kutaja?"

Mzee alikuwa anajinyoosha, viganja vimeshika paa. Aliishusha mikono.

"Mwaka jana. Walinikamata hivihivi, wakaniuliza hivihivi. Siku hiyo gari alikuwa nalo mkwe wangu, nami nikasema. Sikusema uongo hata kidogo. Dakika kumi baadaye nilikuwa barabarani naimba." Alijaribu kutabasamu. "Mkwe wangu alikuwa na trekta la kukodisha. Lilikamatwa shambani, katikati ya mtaro. Halijarudi. Binti yangu ananisalimia kwa kichwa tu."

"Na safari hii?"

"Safari hii nimetajwa mimi. Aliyenitaja ni mkwe. Naye hakusema uongo, siku hiyo trekta nilikuwa nalo kweli."

Subilaga alirudi kukaa. Alitazama taa nyekundu.

"Nikimtaja mtu," aliliuliza gari, "kila chombo atakachoendesha kitakamatwa?"

"Ndiyo. Mpaka shauri liishe."

"Hata kama ni gari la wagonjwa?"

"Chombo ni chombo."

"Hata kama ndani kuna mama mwenye uchungu?"

"Mgonjwa hatakamatwa," sauti ya upole ilisema. "Atakuwa ndani tu."

Aliona jambo lile kama linavyotokea: Lugano kwenye kilima cha Nkisi, milango inajifunga kwa mpigo mmoja, mwanamke anapiga kelele nyuma, na gari linageuka kwa unadhifu kuelekea hapa, kwenye lami hii, kati ya mistari myeupe. Na Lugano angeulizwa naye amtaje nani.

Lakini Itula nako watu walikuwa wanangoja. Ambokile, mwenyekiti wa wafugaji, alimwahidi kwamba hakuna atakayefungua mzoga mpaka yeye afike. Ahadi ya namna hiyo hushika siku moja. Siku ya pili mtu anaona nyama inaoza, ana watoto, anachukua kisu. Akaanza kufanya hesabu ambayo hakuitaka: watu wa Itula upande huu, mgonjwa mmoja ambaye huenda asiwepo upande ule. Lugano angemwelewa, alijiambia. Kisha akajiambia kwamba Lugano angemwelewa kweli, na hilo ndilo lililomfanya ashindwe kufungua mdomo.

"Mkaaji ana jina la kutaja?"

"Nyamaza."

"Nitauliza tena baada ya saa moja."

*

Mama Tuntufye alipita saa nne, na chupa kubwa ya uji mkono mmoja, ndoo ya plastiki yenye vikombe mkono mwingine. Alikuwa mwanamke mpana, mwenye kilemba cha kitenge na kibali cha Mamlaka ya Mienendo, wenye yadi ile, kilichoning'inia shingoni. Jana alikuwa amempa Subilaga kopo bila kuuliza swali, na kulichukua bila kukunja uso.

Subilaga aliinama mpaka mdomo ukawa kwenye ule mwanya wa vidole vinne. "Mama, kutoka hapa mpaka Itula kwa miguu ni mbali kiasi gani?"

"Ukipanda kwa njia ya kisimani, saa mbili. Kwa nini?"

Alimweleza. Hakupamba. Alimwambia kuhusu ng'ombe, kuhusu mama mwenye kidonda, kuhusu barafu. Alimwambia pia kwamba kutoa kitu ndani ya gari lililokamatwa ni marufuku, kwamba yeye akitoa chupa zile gari litahesabiwa limekiri, na gari likikiri linataifishwa pamoja na vyote vitakavyokuwa vimebaki ndani.

"Na anayepokea?" Mama Tuntufye aliuliza.

"Sheria haimtaji. Lakini kibali chako watakichukua. Zaidi ya hapo sijui, Mama. Sitaki kukudanganya."

Mama Tuntufye alimimina uji, akampitishia mwanyani kikombe kile kifupi cha plastiki. Halafu akaondoka. Alikwenda kwa Mwalimu Kyomo, akamhudumia. Akaenda kwa mwenye basi dogo kule mwisho, akasimama naye muda mrefu. Subilaga alikunywa uji bila kuonja ladha yake, akimfuata kwa macho kwenye kioo cha pembeni, kilemba kikizidi kuwa kidogo. Alifikiri, amekataa. Na akaona kwamba hana haki ya kumlaumu.

Aliporudi, chupa ya uji ilikuwa tupu. Aliweka ndoo chini ya mwanya, akatoa vikombe vyote akavipanga juu ya lami, akavua khanga aliyojifunga kiunoni akaitandika ndani.

"Nyama ya Itula inauzwa soko letu," alisema. "Wajukuu wangu wanaila. Haya, lete."

Subilaga alianza na pakiti za barafu, zile bapa, zilizopita kwenye mwanya kama vitabu. Ya kwanza ilipotoka, taa nyekundu ilianza kupepesa.

"Onyo la kwanza," gari lilisema. "Mkaaji anaondoa ushahidi. Je, mkaaji anathibitisha kukiri kwa niaba ya chombo?"

Hakujibu. Alipitisha pakiti ya pili, ya tatu, kisha chupa, mbilimbili, vioo vyake vidogo vikigongana. Mikono ya Mama Tuntufye ilizipokea upande wa pili kama inayopokea mayai. Nne. Sita. Nane. Chupa moja ilikwama kwa mshazari, akairudisha, akaigeuza, ikapita.

"Onyo la pili. Je, mkaaji anathibitisha?"

"Usiongee nalo," Mwalimu Kyomo alisema kutoka kwenye kigari chake. Alikuwa amesimama kiasi alichoweza, kichwa kimeinama chini ya paa. "Likisubiri jibu linakaa kidogo. Kumi na mbili. Nakuhesabia. Kumi na nne. Taratibu, mwanangu, taratibu kwenye kona."

Kumi na sita. Kumi na nane. Vidole vya Subilaga vilikuwa vimekufa ganzi kwa baridi, akashindwa kuzishika mbili kwa pamoja. Alichukua moja.

"Onyo la tatu. Ukimya umehesabiwa kuwa ndiyo."

Chupa ya kumi na tisa ilikuwa nusu nje wakati kioo kilipoanza kupanda. Mama Tuntufye aliinyakua. Kioo kikafunga. Chupa tatu zilibaki kwenye sanduku, na mkono wa Subilaga ulibaki umebandikwa kwenye kioo, kiganja wazi.

Upande wa pili Mama Tuntufye alifunika ndoo, akajitwika kichwani. Alivua kibali shingoni, akakitundika kwenye kitasa cha gari, kisha akaondoka kwenye safu akielekea kwenye uwazi wa ua, kwa mwendo wa mtu anayetoka kisimani na hana haraka. Mkono wa chuma ulipita juu yake bila kusimama. Haukuwa umefundishwa kuona watu.

*

Ilichukua dakika chache. Gari halikusikika likifanya chochote. Taa nyekundu tu iligeuka nyeupe.

"Mshtakiwa amekutwa na hatia," gari likasema. "Chombo na vilivyomo ni mali ya umma. Mkaaji anaweza kutoka. Nakukumbusha kumeza dawa ya presha."

Mlango ukafunguka. Subilaga aliweka miguu kwenye lami, akaketi chini kwenye mstari mweupe huku ameshika gurudumu. Hewa ya nje ilikuwa na harufu ya nyasi zilizokauka. Alikuwa amelitumia gari lile miaka minane, na alitaka kulilaani, lakini neno halikuja.

"Nenda," Mwalimu Kyomo alimwambia. "Nenda, usikae hapa. Sasa uko huru."

Alisimama. Alimtazama mzee kupitia ule mwanya wake wa vidole vinne, macho mekundu, shati limefungwa vifungo vyote. Alitazama safu nzima. Kwenye vioo vingi palikuwa na nyuso ambazo jana hakuziona kwa sababu alikuwa anajitazama mwenyewe. Watu wale nao walikuwa huru kwa mujibu wa sheria. Hakuna hata mmoja aliyekuwa amekamatwa.

Langoni palikuwa na kibanda, na ndani ya kibanda palikuwa na karani, kijana wa miaka thelathini hivi aliyevaa sweta la kijani. Kibao kilisema jina lake ni Osia. Alikuwa mtu wa kwanza wa Mamlaka ambaye Subilaga alimwona kwa macho.

"Pole sana, mama," Osia alisema, akisukuma karatasi chini ya dirisha. "Ni hati ya kutoka. Weka kidole hapa, geti litafunguka."

"Nataka kushtakiwa."

"Samahani?"

"Nimeondoa ushahidi kwenye chombo kilichokamatwa. Kifungu cha thelathini na moja. Atakayefanya hivyo atafikishwa mbele ya hakimu. Nilikuwepo ukumbini kamati ilipokisoma."

Osia alitazama nyuma yake, ingawa kibanda kilikuwa na mtu mmoja. Akashusha sauti. "Mama, nikuambie kama mwanao. Kifungu kipo. Hatujawahi kukitumia. Gari limeshahukumiwa, wamepata walichotaka, nenda nyumbani ukapumzike. Kifungo chake ni miaka miwili."

"Kwa nini hamjakitumia?"

"Kwa sababu..." Alisita. Alikuna shingo. "Gari likishtakiwa, mashine inasikiliza. Mtu akishtakiwa ni lazima hakimu. Na hakimu lazima aletewe faili, asome gari lilikamatiwa nini."

"Na mshtakiwa anasikilizwa."

"Ndiyo. Akiwa mtu, anasikilizwa."

Simu ya Subilaga, iliyokuwa imekufa siku mbili, ililia mkononi mwake mpaka akashtuka. Ilikuwa namba ya Ambokile.

"Dokta! Tulisikia umekamatwa."

"Sijakamatwa bado. Kuna mama anakuja kwenu kwa njia ya kisimani, ana ndoo kichwani. Tumeni mtu ampokee."

"Njia ya kisimani? Naenda mwenyewe."

"Ana chupa kumi na tisa. Barafu ikiwa bado ngumu, itumieni. Ikiwa maji matupu, mwageni, nasema mwageni, nitaagiza nyingine. Yule kijana wenu niliyemfundisha kuchoma yupo?"

"Yupo."

"Aanze na mazizi ya mtoni. Mizoga haijafunguliwa?"

Ambokile alishusha sauti. "Mmoja," alisema. "Leo asubuhi. Tumewapeleka zahanati waliomgusa."

Subilaga alifumba macho. Mmoja. Kama angelitaja jina saa ile alipoulizwa mara ya kwanza, pengine asingefunguliwa hata huyo. Au alikuwa amekwisha kufunguliwa tayari, alfajiri, kabla gari halijamuuliza. Alijua kwamba swali hilo litakaa naye, na kwamba hakuna hakimu atakayemjibu.

"Wauguzeni vizuri," alisema. "Mimi nitachelewa."

Alipokata simu, Osia alikuwa amefunga dirisha. Alibaki amesimama mbele ya kioo, hati ya kutoka ikipepea kwenye ukingo. Angeweza kuweka kidole. Geti lilikuwa hatua sita, na nyuma ya geti barabara ya Nkisi, maji ya kuoga, kitanda. Mwili wake wote uliegemea upande huo. Hakuona aibu kuona jinsi alivyolitaka lile geti.

Alihesabu mpaka sitini. Kisha akagonga kioo kwa kifundo cha kidole.

Dirisha likafunguka. Osia hakuwa amekwenda popote. Alikuwa ameinama anatafuta kitu kwenye mtoto wa meza, na sasa alinyoosha juu ya kaunta fomu ya karatasi yenye mikunjo, ya aina iliyotumika kabla ya mashine.

"Ni hii tu iliyopo," alisema. "Ukiandikwa hapa, huondoki leo. Kuna chumba nyuma, kina dirisha. Kesho asubuhi watakupeleka Ilembwe, kwa hakimu. Nami sijui watanifanya nini."

"Najua. Samahani."

"Jina la mshtakiwa?"

"Subilaga Anangisye Mwakibinga."

Aliandika polepole, herufi moja moja, kama mtu aliyesahau kalamu inavyoshikwa. Kisha akafika mstari wa pili, akakwama. Aliigeuza fomu ili Subilaga aone. Ilikuwa imeandikwa: *Aina ya chombo.* Chini yake: *Rangi. Namba ya usajili. Idadi ya magurudumu.*

Walitazamana. Osia aliivuta karatasi kwake, akapiga mstari juu ya maneno yale manne, moja baada ya jingine, akibonyeza mpaka karatasi ikakaribia kuchanika. Pembeni, mahali ambapo hapakuwa na nafasi ya kutosha, akaandika kwa herufi ndogo zilizobanana: *Mtu.*

"Haya," alisema, akakohoa kidogo. "Eleza. Ilikuwaje?"